ROKENROLI: JASHO LA NANI, MALI YA NANI?

Tarehe 10 Desemba 1962, alipolihutubia Bunge akiwa Rais wa kwanza wa Jamhuri ya Tanganyika, Mwalimu Nyerere alitangaza kuundwa kwa wizara ya kushughulikia utamaduni wa taifa na vijana. Katika hotuba ile alizitaja ngoma za kigeni ambazo wasomi wa wakati huo walikuwa wamejifunza kuzicheza: rumba, chachacha, rokenroli, twisti, hata wolzi na foksitroti. Kisha akauliza ni wangapi kati yao waliopata japo kusikia habari za Gombe Sugu, Mangala, Konge, Nyang'umumi, Kiduo au Lelemama. Makada wengi wanaijua sehemu hiyo ya hotuba. Imerudiwa semina baada ya semina, hata neno rokenroli likaingia katika msamiati wetu wa siasa likiwa na maana moja tu, yaani kasumba.

Sehemu iliyofuata ya hoja yake hairudiwi sana. Mwalimu alieleza pia kwamba kuuthamini utamaduni wetu hakuna maana ya kukataa kila kilicho cha wengine, na kwamba taifa lisilotaka kujifunza lolote kutoka kwa mataifa mengine ni taifa lililopungukiwa akili. Sasa, kujifunza kunadai kwanza kukijua kile unachojifunza. Hapo ndipo uchambuzi wetu wa mambo ya utamaduni unapolegea. Tunauhukumu muziki kwa jina la nchi ulikotoka, hali tungekataa katakata kuihukumu pamba au shaba kwa njia hiyo. Tukiiona nguo dukani tunauliza: nani alilima pamba, nani alifuma, kiwanda ni cha nani, faida ilikwenda wapi? Tukiisikia santuri tunauliza tu kama ni ya kwetu au ya kwao.

Makala hii inashikilia kwamba maswali yale ya nguo ndiyo yanayofaa kuulizwa juu ya santuri. Rokenroli haikutungwa na mabepari wa Marekani. Ilitungwa na wavujajasho, walio wengi wao weusi, wajukuu na vitukuu vya watumwa, kisha ikanyang'anywa kwa njia ambazo tunaweza kuzitaja moja moja, pamoja na tarehe na kiasi cha fedha. Kada anayeuita muziki huo mali ya mabeberu hudhani kuwa anampiga beberu, kumbe anamwandikia mwizi hati ya kumiliki alichoiba.

Pamba, mashine na safari ya kaskazini

Amilcar Cabral alisisitiza kwamba utamaduni wa watu wowote una mizizi katika hali yao halisi ya uzalishaji mali. Tuanzie basi shambani.

Utumwa ulipofutwa Marekani mwaka 1865, watu weusi wa majimbo ya kusini hawakupewa ardhi. Walio wengi waliendelea kulima pamba katika mashamba ya mabwana kwa mapatano ya kugawana mavuno. Mwenye shamba alitoa ardhi, mbegu na mkopo wa chakula, na ni yeye huyo huyo aliyeshika daftari la hesabu. Mwisho wa mwaka mkulima aliambiwa kuwa bado anadaiwa. Katika uwanda wa Mississippi, ambako mfumo huo ulikuwa mkali kupita kiasi, ndiko bluzi ilikokomaa: mtu na gitaa lake, akisimulia deni, safari, mapenzi na msimamizi wa shamba. Tusiifanye bluzi kuwa hotuba ya siasa, maana haikuwa hivyo. Ilikuwa ni maelezo ya hali, yaliyotolewa na watu ambao hawakuwa na gazeti, bunge wala kura.

Kilichoigeuza bluzi ikawa kitu kingine ni mageuzi katika nyenzo za uzalishaji. Tarehe 2 Oktoba 1944, katika shamba la Hopson karibu na mji wa Clarksdale, Mississippi, watu walikusanyika kutazama mashine za kuchuma pamba zikifanya kazi. Mwenye shamba alipiga hesabu zake: robota moja la pamba lililochumwa kwa mikono lilimgharimu dola 39.41, na lililochumwa kwa mashine dola 5.26. Mashine moja ilifanya kazi ya watu kama 50. Kwa mwenye shamba hesabu hiyo ilikuwa habari njema. Kwa mkulima ilikuwa ni barua ya kufukuzwa. Kati ya miaka ya 1910 na 1970 Wamarekani Weusi wapatao milioni 6 waliyahama majimbo ya kusini kwenda Chicago, Detroit, Cleveland, Los Angeles na miji mingine ya viwanda.

Mmoja wao alikuwa McKinley Morganfield, ambaye dunia inamjua kwa jina la Muddy Waters. Alikuwa akiendesha trekta katika shamba la Stovall, nje kidogo ya mji ule ule wa Clarksdale. Mwaka 1943 aliomba nyongeza ya senti chache kwa saa, msimamizi akamfokea, naye akapanda treni kwenda Chicago, akapata kazi katika kiwanda cha karatasi. Gitaa lake la kijijini halikusikika katika vilabu vilivyojaa wafanyakazi waliotoka zamu na mshahara mfukoni. Akanunua la umeme. Wengi husimulia habari ya gitaa la umeme kama muujiza wa ufundi. Kwa hakika ni habari ya mkulima kugeuka mfanyakazi wa kiwandani, na ya chumba chenye makelele.

Chimbuko la pili ni kanisa la maskini. Rosetta Tharpe alizaliwa mwaka 1915 Cotton Plant, Arkansas, katika familia ya wachuma pamba. Mama yake alikuwa mhubiri na mwimbaji. Mwanamke huyu alilipiga gitaa la umeme kwa namna ambayo vijana wa kiume walikuja kuiiga kwa miaka mingi. Wimbo wake uitwao "Strange Things Happening Every Day", aliourekodi mwaka 1944, una karibu kila kitu ambacho miaka 10 baadaye kiliuzwa kama kitu kipya: piano ya bugi, gitaa linalojibizana na sauti, mdundo unaosukuma mbele. Aliposafiri majimbo ya kusini na kundi lake walilala ndani ya basi, kwa kuwa mahoteli yalikataa kuwapokea. Ukumbi wa heshima wa rokenroli ulipowatangaza wanamuziki wake wa kwanza mwaka 1986, wote walikuwa wanaume. Rosetta Tharpe aliingizwa mwaka 2018, miaka 45 baada ya kufa kwake. Watu wanaopenda kutuambia kuwa nyimbo za kanisani na za klabuni ni maadui wa tangu zamani wangefanya vyema kumsikiliza.

Vita Kuu ya Pili ilipokwisha, bendi zenye wapigaji 15 au 20 zilikuwa ghali mno kuendeshwa. Makundi madogo yenye gitaa la umeme, saksafoni na ngoma yalichukua nafasi yake. Televisheni nayo iliwanyakua watangazaji wakubwa wa biashara, na vituo vidogo vya redio vikalazimika kutafuta wasikilizaji waliodharauliwa. Mjini Memphis kituo cha WDIA, mali ya Wazungu, kilianza mwaka 1948 kuwahudumia wasikilizaji weusi, na mtangazaji wake wa kwanza mweusi, Nat D. Williams, alikuwa mwalimu wa historia wa shule ya sekondari. Lakini mawimbi ya redio hayajui ubaguzi wa makazi. Vijana wa Kizungu, vyumbani mwao, wakaanza kusikiliza kile ambacho baba zao walikipiga marufuku sebuleni.

Santuri moja, pande mbili

Sasa tuingie kiwandani. Julai 1956 kampuni ya RCA Victor ilitoa santuri ya Elvis Presley ambayo upande mmoja ulikuwa na wimbo "Hound Dog" na upande wa pili "Don't Be Cruel". Pande hizo mbili zilikaa kileleni mwa orodha ya Marekani kwa majuma 11. Naomba msomaji anivumilie tukae kidogo na santuri hii, maana ukiipasua utaona ndani yake viungo vyote vya mfumo.

"Hound Dog" iliimbwa kwanza na Willie Mae Thornton, maarufu kwa jina la Big Mama, mwanamke mweusi kutoka Alabama. Aliirekodi mwaka 1952. Watunzi walikuwa vijana wawili wa Kizungu wenye umri wa miaka 19, Jerry Leiber na Mike Stoller, ambao waliuandika wimbo kwa kumtazama Thornton mwenyewe na kwa kuifuata sauti yake. Mwaka 1953 ulikaa majuma saba katika nafasi ya kwanza ya orodha ya ridhimu na bluzi. Orodha hiyo hadi mwaka 1949 iliitwa orodha ya santuri za "rangi", yaani za watu weusi. Jina lilibadilika, ua likabaki pale pale: santuri ya mtu mweusi ilikuwa na orodha yake, vituo vyake vya redio na maduka yake.

Kwa maneno mengine, kulikuwa na soko mbili, na anayevuka kutoka soko dogo kwenda kubwa hakuwa mfanyakazi. Ilikuwa ni bidhaa. Thornton alisema mwenyewe kwamba wimbo ule ulimpatia hundi moja ya dola 500, basi. Sheria ya Marekani inamlipa mtunzi na mchapishaji pindi wimbo unapopigwa redioni, lakini mwimbaji na wapigaji waliorekodi halipwi kitu na redio hizo, na hali hiyo haijabadilika hadi leo. Thamani yote ambayo koo la Thornton liliiongeza juu ya karatasi ya watunzi, nayo ndiyo iliyoufanya wimbo uwe wimbo, haikuwa na jina katika sheria. Mwanafunzi anayetafuta mfano wa thamani ya ziada ulio wazi kuliko huu atahangaika.

Kuna jambo jingine ambalo wachambuzi wa hesabu peke yake hawalioni. Katika kinywa cha Thornton wimbo huu unamhusu mwanamume anayekuja kula na kulala kwa mwanamke asiyefanya lolote kwa ajili yake, na mwanamke anamtoa nje. Ni wimbo wa kumfukuza kupe. Presley aliuchukua kutoka kwa bendi ya Kizungu iliyokuwa ikiuimba Las Vegas kama kichekesho, na maneno yalikuwa yamekwisha kubadilishwa, sasa yanamhusu mbwa kweli asiyejua kuwinda. Mwanamke ametoweka, na mnyonyaji ametoweka. Mdundo umebaki, tena umeongezwa kasi, na mimi si mmoja wa wale wanaosema kuwa Presley hakujua kuimba. Alijua sana. Lakini ili wimbo uvuke ua ilibidi uachilie mlangoni kile ulichokuwa unakisema. Chuck Berry alieleza kuwa naye alipotunga "Johnny B. Goode" kijana wa wimbo ule alikuwa mweusi, kisha akamfanya kijana wa shamba tu, asiye na rangi, ili redio ziupige.

Upande wa pili, "Don't Be Cruel", uliandikwa na Otis Blackwell, mtunzi mweusi wa New York. Sharti la Presley kuuimba lilikuwa kwamba jina lake liwekwe kama mtunzi mwenza na apate nusu ya haki. Blackwell alikubali, maana nusu ya mkate ni bora kwa mwenye njaa.

Mbinu hii haikuwa ya mtu mmoja. Mwaka 1955 Chuck Berry, fundi wa nywele wa St. Louis aliyewahi kufanya kazi katika kiwanda cha magari, alirekodi "Maybellene" kwa kampuni ya Chess ya Chicago. Santuri ilipotoka alikuta watunzi wenzake wawili ambao hawakuandika hata herufi moja. Mmoja alikuwa Alan Freed, mtangazaji mashuhuri wa redio, ambaye kwa kuwekwa jina alikuwa na kila sababu ya kuupiga wimbo usiku kucha. Berry alirudishiwa haki yake kamili mwaka 1986. Richard Penniman, yaani Little Richard, alikuwa mwosha vyombo katika kituo cha mabasi mjini Macon, Georgia. "Tutti Frutti" yake ya mwaka 1955 ilirudiwa upesi na Pat Boone, kijana wa Kizungu mwenye sauti ya adabu, na nakala hiyo ikapanda juu zaidi ya wimbo wenyewe katika orodha kuu ya Marekani. Msomaji anayeweza kuzipata nakala zote mbili azisikilize zikifuatana. Boone anaimba kama mtu anayesoma tangazo la forodha.

Na Arthur Crudup. Huyu aliurekodi wimbo "That's All Right" mwaka 1946. Julai 1954, katika studio ya Sun mjini Memphis, Presley aliuimba upya, na huo ndio ukawa wimbo wake wa kwanza kutolewa. Novemba 1955 Sun iliuuza mkataba wa Presley kwa RCA Victor kwa dola 35,000. Crudup alirudi kwenye kazi za mashamba, akidai mrabaha wake kwa miaka mingi. Alikufa mwaka 1974 akiwa hajalipwa sehemu kubwa ya alichodai.

Je, Presley alikuwa mwizi? Baadhi ya vijana wetu wenye hasira wanasema hivyo, na jibu hilo ni rahisi mno. Presley alizaliwa mwaka 1935 katika kibanda cha vyumba viwili Tupelo, Mississippi. Baba yake alifungwa jela kwa kughushi hundi ndogo. Mwenyewe alikuwa dereva wa lori alipoingia Sun. Baadaye meneja wake alichukua robo ya mapato, na kufikia mwishoni mwa miaka ya 1960 nusu nzima. Muziki wake ulichanganya bluzi na nyimbo za wakulima maskini wa Kizungu, kama ambavyo "Maybellene" ya Berry ilivyochota kutoka wimbo wa kale wa wakulima hao hao. Maskini weusi na weupe wa kusini walikuwa wakiazimana nyimbo kwa vizazi vingi juu ya ua la ubaguzi, na hakuna aliyemdai mwenzake hakimiliki. Unyang'anyi ulianza pale mwenye kampuni, mwenye redio na mwanasheria walipokaa katikati. Kosa la kuitafsiri historia hii kwa rangi peke yake ni kwamba linamwacha mwenye kampuni aende zake salama.

Waliopiga kelele

Sasa jambo ambalo napenda makada wenzangu walitafakari kwa makini, kwa sababu linatugusa. Ni akina nani walioulaani muziki huu kwa sauti kubwa kuliko wote?

Mwaka 1956, kule Alabama, Asa Carter na baraza lake la Wazungu walianzisha kampeni ya kuiondoa rokenroli katika mashine za kupigia santuri vilabuni, wakidai kuwa ni njama ya chama cha kutetea haki za watu weusi ya kuwaharibu vijana wa Kizungu. Waliuita muziki wa porini, wa kishenzi, wa kuamsha tamaa za kinyama. Tarehe 10 Aprili mwaka huo watu wa kundi hilo walimvamia Nat King Cole jukwaani Birmingham, wakamwangusha chini mbele ya hadhira. Cole hakuwa hata mwimbaji wa rokenroli. Nyimbo zake zilikuwa za mapenzi, za taratibu. Alikuwa mweusi mwenye hadhi, na hilo lilitosha.

Kelele nyingine zilitoka kwa mabepari wenyewe, na sababu yake ilikuwa ya fedha. Chama cha zamani cha watunzi na wachapishaji, ASCAP, kwa miaka mingi kiliwafungia mlango watunzi wa bluzi na wa nyimbo za mashambani. Mwaka 1939 wenye redio waliunda shirika lao, BMI, likawapokea hao waliokataliwa. Mwaka 1941, kwa miezi kadhaa, redio hazikupiga kabisa nyimbo za ASCAP. Rokenroli ilipokuja ilikuwa kwa sehemu kubwa mali ya BMI. Basi watu wa ASCAP wakaugundua uozo wa maadili. Vita hiyo iliishia katika kamati ya Bunge la Marekani mwaka 1960, iliyochunguza hongo walizopewa watangazaji ili wapige santuri. Hongo ilikuwapo kweli, tena ilikuwa ya kawaida. Freed alifukuzwa kazi mwaka 1959, mwaka 1962 akakiri makosa na kutozwa faini ya dola 300, akafa mwaka 1965 akiwa na umri wa miaka 43. Watangazaji wenye hisa na marafiki walinusurika. Muundo wenyewe wa umiliki haukuguswa na kamati.

Basi ndugu kada, unaposimama mbele ya vijana na kuuita muziki huu wa kishenzi na wa kuamsha tamaa, jihadhari. Maneno hayo yalikwisha kutumika, na waliyoyatumia walivaa mashuka meupe usiku.

Kuna upotovu wa upande wa pili pia, nao unatolewa na waandishi wa Magharibi: kwamba rokenroli ndiyo iliyoangusha ubaguzi wa rangi Marekani, kwa kuwa vijana weusi na weupe walicheza pamoja. Ni kweli kwamba katika kumbi za kusini palifungwa kamba kutenganisha rangi, na ni kweli kwamba mara nyingine wachezaji waliivuka. Lakini tutazame kalenda. "Tutti Frutti" ilipokuwa ikipanda chati, Desemba 1955, watu weusi wa Montgomery walianza kugomea mabasi. Walitembea kwa miguu kwa siku 381. Waliandaa magari ya kuchukuana, wakachanga fedha, wakakamatwa, nyumba za viongozi wao zikalipuliwa kwa mabomu. Ubaguzi katika mabasi yale uliondolewa na watu waliojipanga. Dansi haikuuondoa, na kijana wa Kizungu aliyempenda Little Richard usiku aliweza kabisa kuketi asubuhi katika darasa lisilokubali watu weusi. Kampuni zilijifunza haraka kwamba uasi nao unauzwa: unamuuzia kijana koti, filamu, mafuta ya nywele na hasira, naye anarudi nyumbani akiwa amenunua mapinduzi yake kwa senti 89. Humo ndimo ulimo udhaifu halisi wa utamaduni huu, na tungeukosoa kwa haki zaidi kama tusingekuwa tunashughulika na urefu wa nywele.

Amri na gitaa

Nchi za kijamaa zilijaribu njia mbalimbali. Ujerumani ya Mashariki mwaka 1959 ilitoa dansi yake rasmi, Lipsi, iliyobuniwa kwa uangalifu ili vijana wapate kitu cha kisasa kisichokuwa na mtikisiko wa kimarekani. Wataalamu walihusika, santuri zikatolewa, mafunzo yakafanyika. Vijana hawakuicheza. Katika Urusi ya Kisovieti nyimbo zilizokatazwa zilichongwa kwenye picha kuukuu za eksirei na kuuzwa kwa siri, mbavu na mafuvu ya watu yakizunguka chini ya sindano. Ninaweza kufikiri juu ya mfano huo kwa muda mrefu. Dola iliyoweza kurusha chombo cha anga haikuweza kumzuia kijana wa Leningrad kutafuta mdundo wa mwosha vyombo wa Georgia, na haikutumia nafasi ile kumweleza kuwa anayemsikiliza ni mfanyakazi mwenzake.

Kwetu, Novemba 1969, muziki wa souli ulipigwa marufuku Dar es Salaam. Souli ni ndugu wa damu wa rokenroli, mtoto wa kanisa lile lile na bluzi ile ile, na wakati ule ilikuwa sauti ya watu weusi wa Marekani katika kilele cha mapambano yao. Nia ya waliotoa amri inaeleweka: taifa changa lililokuwa likitafuta sura yake halikutaka kumezwa. Lakini uamuzi ule ulichanganya vitu viwili, mtindo wa mavazi unaouzwa na kampuni, na sauti ya ndugu zetu waliochukuliwa katika merikebu. Miaka mitano baadaye, mwaka 1974, mji huo huo uliwapokea ndugu hao katika Mkutano wa Sita wa Umajumui wa Afrika.

Wakati huo huo tulikuwa na jibu bora mikononi mwetu bila kulipa jina la nadharia. Chama cha wafanyakazi, NUTA, kilikuwa na bendi yake, Nuta Jazz. Magitaa yake yalikuwa ya umeme, nyenzo ile ile ya vilabu vya Chicago, lakini vyombo vilimilikiwa na chama cha wafanyakazi, na nyimbo zilikuwa za Kiswahili. Hakuna aliyeliita gitaa lile la kibeberu. Chombo kilichukuliwa, uhusiano wa umiliki ukabadilishwa. Yafaa somo la utamaduni katika vyuo vyetu lianzie hapo, na kijana wa leo anayetia sahihi mkataba wa kurekodi bila kuusoma aonyeshwe ule wa Little Richard.

Mabadiliko machache yaliyopatikana Marekani yenyewe yalitokana na madai ya wanamuziki. Mwaka 1976 Muddy Waters na Willie Dixon waliishtaki kampuni iliyochapisha nyimbo zao kwa kuwapunja. Mwaka 1985 Dixon aliifikisha mahakamani bendi ya Kiingereza Led Zeppelin kwa kuutumia wimbo wake, nao wakapatana naye mwaka 1987. Ruth Brown, ambaye mauzo yake ya mwanzoni mwa miaka ya 1950 yaliijenga kampuni ya Atlantic, alikuja kufanya kazi ya utumishi wa nyumbani na ya kuendesha basi ili kulea watoto wake. Alidai vitabu vya hesabu vifunguliwe. Alidai kwa miaka. Mwaka 1988 Atlantic ilikubali kupiga upya hesabu za mrabaha wake na za wenzake kadhaa, na kutoa dola milioni 1.5 za kuanzisha mfuko wa kuwasaidia wanamuziki wa ridhimu na bluzi. Crudup alikuwa amekufa miaka 14 kabla.